Raha ya muvi za kukopi, na bili iliyoenda kwa jirani

Karibu muvi zote zilizonifurahisha nikiwa mdogo zilikuwa za kukopi. Ndo ilivyokuwa, na kama na wewe ulikulia Temeke au Mbagala au Morogoro au mji wowote wa Tanzania miaka ya 1990 mwishoni na 2000 mwanzoni basi nadhani kwako ni hivo hivo. Mkanda unaingia kwenye deki umeshakopiwa mara sijui ngapi, picha ina chenga, rangi imepauka, sauti inakuja inaondoka, na bado banda zima la video mnakaa kimya mpaka stelingi, yule shujaa wa picha, aanze kazi. Hakuna aliyejua hela ya kiingilio inaishia wapi. Inaishia kwa mwenye banda, basi. Aliyeandika ile hadithi, aliyeshika kamera, aliyeruka kutoka ghorofani ili sisi tupige mayowe, hao hawakuwepo kabisa kwenye mawazo yetu.

Nimekuja kuliwaza hili jambo kwa uzito kwa sababu ya rafiki yangu mmoja anayehariri filamu. Siku moja tunabishana kuhusu laibrari za muvi, yale maduka ya mtaani ya kukurushia muvi za kukopi, akaniambia, kaka, nyie mliozoea vya shilingi mia mia ndo mlituua sisi. Nikamwambia mia yangu isingefika Hollywood hata iweje. Akanijibu, sijasema Hollywood, nimesema sisi.

Hilo neno limenikaa mpaka leo, na yote nnayoandika hapa chini ni kujaribu kulijibu vizuri.

Tuanzie nyuma kidogo, maana bila historia hii hukumu inakuwa rahisi mno. Zanzibar walikuwa na televisheni tangu miaka ya 1970 lakini Bara tumekaa bila kituo hata kimoja mpaka 1994. Wazee wetu walikuwa na majumba ya sinema, Dar palikuwa na Avalon, Empire, Empress, na kule Msasani kulikuwa na Drive-In ambako watu walienda na magari yao na wengine wakaangalia wakiwa wamekaa chini. Huko walikata tiketi, na sehemu ya hela ya tiketi ilirudi kwa wenye picha. Afu video ikaja. Miaka ya 1980 ndugu wa fulani anarudi kutoka Uarabuni na deki, mwingine analetewa na baharia, mikanda inaazimwa nyumba kwa nyumba, na majumba ya sinema yakaanza kufa moja moja mengine yakawa magodauni, mengine kumbi za sherehe au makanisa. Kwa hiyo kizazi changu hatukukuta kaunta yoyote ya kulipia. Hakuna kampuni ya Marekani wala ya Hong Kong iliyofungua duka Tandika ikauza mkanda halali kwa bei ambayo mama muuza vitumbua angeiweza, na sisi tukaukataa tukaenda kununua wa wizi. Mlango ulikuwa mmoja tu, wa kukopi, na ndo tuliopita wote.

Naisema hii kwa sababu kuna watu wanaongea kuhusu uharamia wa filamu kana kwamba kila mtu duniani alisimama njia panda akachagua. Kuchagua kunahitaji vitu viwili. Sisi tulikuwa na kimoja.

Na ile raha ilikuwa ya kweli, hapo sitaki mtu anipunguzie hata kidogo. Banda umiza lilikuwa na mabenchi ya mbao yaliyofungwa karibu karibu mpaka magoti yanagusa mgongo wa mwenzako, joto, jasho, bati juu, TV chogo moja imefungiwa kwenye boksi la mbao lenye kufuli, na nje ubao umeandikwa kwa chaki picha za leo ni zipi na saa ngapi. Watoto wa shule, makonda, mafundi, vijana wasio na kazi, wote mle ndani. Kila mtu anajua kwamba stelingi hafi. Kila mtu anajua adui mkubwa anakuja mwishoni. Na bado watu wanamwonya stelingi kwa sauti, geuka nyuma, geuka nyuma! Mi nimeshaingia sinema za kisasa zenye viti vya kulala na kiyoyozi, zile za kwenye mol, na sijawahi kukuta furaha ya namna ile tena. Sasa ukiniambia ile furaha ilikuwa haramu toka mwanzo hadi mwisho ntakusikiliza, ila ntakuuliza, hivi kipi hasa kilitufurahisha mle ndani? Maana ukikipekua vizuri utakuta sehemu kubwa haikutoka Marekani. Ilitoka kwa wale watu waliokaa pembeni yako.

Na ilitoka kwa Lufufu. Kama hukumjua Lufufu ngoja nikuelezee. Derek Mukandala, ndo jina lake, alikuwa anachukua picha ya nje anaweka sauti yake juu yake, anatafsiri kwa Kiswahili, anaelezea huyu ni nani, anataka nini, na yule nyuma ya mlango anapanga nini. Hakuwa anatafsiri neno kwa neno. Alikuwa anaisimulia upya, anaongeza, anatoa maoni, anawapa wahusika tabia za watu wa mtaani kwetu, na mtu asiyejua Kiingereza hata cha kuombea maji akawa anaondoka na hadithi nzima kichwani. Bibi yangu mzaa mama aliyekuwa hajui kusoma aliziangalia zile picha na kuzihadithia kesho yake akiwa anachambua mchele. Kenya wana DJ Afro ambaye kwenye mabanda ya kule ni mfalme kabisa, na Uganda wana mavijei wao wanaopiga Kiluganda juu ya picha, ni tasnia nzima. Kisheria hao wote wamesimama juu ya kazi ya mtu mwingine bila kumuomba. Lakini wametoa jasho lao, wamefanya kazi ambayo studio yenyewe haikuona sababu ya kuifanya kwa ajili yetu, na waliofaidika ni watu ambao hakuna mtu mwingine yeyote duniani aliyekuwa anawafikiria. Hapo mi nashindwa kusema mwizi. Nasema kuna deni, sawa. Kusema mwizi nashindwa.

Kuna hoja inayopendwa sana na watu wanaotetea kukopi, nayo ina nguvu. Ukimwibia jirani kuku, jirani anabaki hana kuku. Ukikopi muvi mwenyewe bado anayo. Hata mahakama kuu kabisa ya Marekani mwaka 1985, kwenye kesi ya Dowling iliyohusu rekodi za Elvis Presley zilizouzwa kinyemela, ilikubali kwamba nakala isiyo halali haiwi moja kwa moja mali iliyoibwa kwa maana ya sheria ile ya mali za wizi, ni kosa la aina yake lenye sheria yake. Kwa hiyo anayesema "ni wizi tu kama wizi mwingine" anarahisisha.

Upande wa pili kuna dini, na kwetu huku huwezi kuongea maadili ukaiacha dini nje. Waislamu wenzangu wengi wanadhani sheria haina neno kwenye hili kwa sababu enzi za Mtume hakukuwa na kaseti. Inalo neno. Desemba 1988 Akademi ya Fiqhi ya Kiislamu iliyo chini ya OIC, jumuiya ya nchi za Kiislamu, ilikaa Kuwait ikatoa uamuzi kwamba haki za mtunzi na mvumbuzi ni mali yenye thamani, zinalindwa na sharia, na haijuzu kuzivamia. Huu ni uamuzi wa wanazuoni kutoka nchi nyingi na ulishatoka miaka yote hiyo wakati sisi tunauziana mikanda nje ya msikiti baada ya Ijumaa. Serikali yetu nayo ikaja na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki namba 7 ya mwaka 1999, ndo iliyozaa COSOTA, taasisi inayosimamia hakimiliki. Kwa hiyo kwenye karatasi, ya mbinguni na ya duniani, jibu lilikuwepo.

Lakini karatasi haikumfikia mwenye banda, na hata ingemfikia nadhani isingembadilisha. Kilichonibadilisha mimi si karatasi. Ni Kariakoo.

Aprili 2017 wasanii wa Bongo Movie, yaani filamu za hapa kwetu, waliingia barabarani Kariakoo, sura zile zile tulizozoea kuziona kwenye TV, wakiandamana dhidi ya filamu za nje zinazouzwa bila kulipiwa kodi wala haki. Mitandaoni watu waliwacheka sana. Walisemwa kwamba wanaogopa ushindani, filamu zao mbovu, hadithi ni zile zile, sauti mbaya, pati wani na pati tuu ili kutuuzia mara mbili. Na kwenye ubora kuna ukweli siukatai. Ila angalia hesabu waliyokuwa wanalalamikia. Sidii moja ya kichina ina muvi kumi na kitu za Hollywood, zimebanwa pamoja, aliyeitengeneza hajalipa mwigizaji hata mmoja, hajalipa kamera, hajalipa taa, hajaweka stempu ya kodi ya TRA, gharama yake ni sidii tupu na wino wa kava. Pembeni yake kuna filamu moja ya Kibongo ambayo mtu kakodi nyumba ya kurekodia, kalisha watu wali kwa wiki nzima, kalipa mhariri, kaenda ukaguzi wa Bodi ya Filamu, na kuanzia 2013 kabandika stempu ya kodi kwenye kila nakala. Mteja ana hela ya kununua kimoja. Ananunua kipi?

Hapo ndo jibu la rafiki yangu mhariri linapoingia. Mia yangu haikuipunguzia Hollywood chochote, wale hawakuwa wananihesabu mimi kama mteja na wala hawakujua Tandika iko wapi. Aliyeumia ni yule anayeuza hadithi yake kwa mtu yule yule, kwenye meza ile ile, kwa shilingi ile ile. Muvi ya nje ikishakuwa karibu na bure, muvi ya jirani inaonekana ghali hata kama ni ya bei ya chipsi. Sasa hili mi naliona ni zito kuliko mjadala wote wa je ni wizi au si wizi. Tulipata raha, na bili haikwenda kwa tajiri wa mbali kama tulivyojiaminisha. Ilienda kwa Msanii wa Sinza.

Na huyo msanii alikuwa ameshabanwa tayari. Watengenezaji wengi walikuwa wanauza filamu kwa msambazaji kwa mkupuo, master na haki zote, anapewa hela yake ya mara moja na hapo ndo mwisho, filamu iuze nakala elfu au laki moja yeye haimhusu tena. Kwa nini wakubali? Kwa sababu kama unajua wiki moja baada ya kutoka itakuwa imeshakopiwa kila kona, hela ya mkononi leo ni bora kuliko asilimia ya kesho ambayo haitakuja. Na msambazaji naye anabana bei kwa sababu hiyo hiyo. Kukopi kunaogopesha kila mtu kwenye mnyororo na kila mmoja anamsukumia hasara aliye chini yake, mpaka inafika kwa mwigizaji wa pembeni aliyelipwa nauli.

Steven Kanumba, nyota mkubwa wa Bongo Movie, alipofariki, tarehe 7 Aprili 2012, akiwa na miaka 28 tu, Dar ilisimama. Viwanja vya Leaders vilifurika watu mpaka wengine wakazimia, na Kinondoni makaburini ilikuwa vile vile. Nilikuwa naangalia zile picha nikawa najiuliza swali ambalo sikuwa na wa kumuuliza, hivi kwenye huu umati ni wangapi tuliowahi kununua filamu yake halali? Tulimpenda kweli. Machozi yale hayakuwa ya kuigiza. Na inawezekana kabisa umpende mtu kwa moyo wako wote, kazi yake ikupe furaha usiku baada ya usiku, na bado hela yako isiwahi kumfikia. Hili linaniuma mimi zaidi ya kitu kingine chochote kwenye mada hii.

Turudi kwenye furaha yenyewe. Mwaka ule ule wa maandamano ya Kariakoo, 2017, ripoti ya dunia ya furaha, ile inayotoka kila mwaka, iliiweka Tanzania nafasi ya 153 kati ya nchi 155. Watu walikasirika. Wanachofanya wale watafiti ni kumwambia mtu afikirie ngazi, chini kabisa ni 0 na juu kabisa ni 10, aseme maisha yake yako ngazi ya ngapi. Ni swali halali. Mtu anayefikiria ada, kodi ya chumba na mama anayeumwa atasema namba ndogo na yuko sahihi. Ila mtu huyo huyo jioni yuko bandani anapiga kelele stelingi ageuke nyuma, na ile saa moja na nusu ni furaha kamili isiyo na upungufu. Nadhani ndo maana suala la muvi za kukopi haliwezi kumalizwa kwa kuwatisha watu na faini. Unaongelea kitu ambacho kwa wengi ni burudani pekee ya siku, yenye bei wanayoiweza.

Ila kuna kitu kimetokea tangu flashi zije na nimekiona kwangu na kwa watu wengi. Laibrari zikajaa kila mtaa, unaenda na flashi yako unamwambia kaka nirushie sizoni mpya, anakurushia muvi mia tano mia tano, ukiwa mteja wake anakuongezea za bure. Watu wakanunua hadi diski za TB. Sasa una muvi nyingi kuliko siku za kuishi, na jioni unakaa unafungua moja dakika kumi unaiacha, unafungua nyingine, unapeleka mbele, unaangalia mwisho, unalala. Zamani tulingoja Jumamosi kwa ajili ya picha moja mbovu yenye chenga na tukaihadithia mwezi mzima. Sisemi umaskini ndo furaha, hapana, nachukia sana hayo maneno yanaposemwa na watu walioshiba. Nasema tu kwamba kujaza diski na kufurahi ni mambo mawili, na nadhani wengi tulidhani ni moja. Kitu kisichokuwa na bei kabisa, kisicho na mtu wa kukaa naye, kisicho na simulizi baada yake, kinapita kama upepo.

Mtu atasema siku hizi kuna njia halali. Zipo. Netflix ilifungua kwa mpigo kwenye nchi 130 hivi Januari 2016 na Tanzania tukaingia humo, Azam wana Sinema Zetu inayoonyesha filamu za hapa, na YouTube imejaa tamthilia za vijana wetu. Filamu ya Binti ya Seko Shamte imefika Netflix na mi niliiangalia kule kwa fahari kubwa, wanawake wanne wa Dar na maisha yao, Kiswahili chetu, mitaa yetu. Lakini piga hesabu ya dada anayeuza duka Buguruni. Anahitaji kadi ya benki inayokubali malipo ya mtandaoni, bando la kutosha saa mbili za video, na simu ambayo haitazimika. Bando la muvi moja linaweza kuzidi bei ya kurushiwa muvi kumi laibrari. Ukimwambia awe mwaminifu unamwambia alipe mara nyingi zaidi kwa kitu kile kile. Na akitaka kuangalia iliyotafsiriwa kwa Kiswahili, huko kwenye njia halali ataitafuta sana.

Ndo maana mi msimamo wangu ni huu, na najua wasanii wengine hawataupenda. Muacheni mwenye laibrari. Msimkamate, msimchomee kompyuta zake. Yule kijana ndo mtandao wa usambazaji ambao hakuna kampuni iliyoweza kuujenga, yuko kila mtaa, anawajua wateja kwa majina, anajua mama Asha anapenda za Kikorea na mzee wa bodaboda anapenda za kivita. Mpeni leseni ya bei ndogo. Filamu ya Kibongo ikitoka ifike kwake siku hiyo hiyo, halali, auze kwa mia tano, mia tatu ibaki kwake na mia mbili iende kwa aliyeitengeneza kila inaporushwa. Na kwa mtu wa kawaida kama mimi, kipimo nilichojiwekea ni kimoja, kwamba kazi ambayo mtengenezaji wake anakula kutokana na shilingi za mtaani kwetu siichukui bure hata siku moja, hata nikiikuta kwenye flashi ya mtu. Ya studio kubwa ambayo hainiuzii kwa njia yoyote nnayoiweza, hapo dhamira yangu inanisumbua kidogo zaidi kuliko zamani, ila si sawa na ile.

Mwaka 2023 bunge lilipitisha tozo ya asilimia 1.5 kwenye vifaa vya kurekodia na kuhifadhi kazi za sanaa, hela ikawasaidie wasanii. Ni mwanzo mzuri na mi naiunga mkono, kwa sababu inakubali ukweli kwamba watu watakopi. Ila ni hela inayopita juu juu, mnunuzi haioni, na msanii hajui ni muvi yake ipi iliyopendwa na nani.

Nilimweleza kijana wa laibrari ya hapa mtaani hilo wazo la mia tatu na mia mbili. Hakulikataa. Aliniambia, bro, mi natoa hata leo, nipe namba tu, niitume kwa nani, na ntajuaje imemfikia? Sikuwa na namba ya kumpa. Kama kuna mtu wa COSOTA au Bodi ya Filamu anapita hapa akasoma, hilo swali ni la kwenu, na kijana yupo dukani kwake kila siku mpaka saa nne usiku anasubiri jibu.